Frasila Mbili Begani

Bibi yangu mzaa baba alikuwa na kamba moja ya shanga nyekundu, ndogo kama punje za mtama, alizoziita samesame. Alizifunga kwenye kitambaa, kitambaa akakitia ndani ya kopo la maziwa ya unga, na kopo akalisukuma chini ya kitanda chake, nyumbani Tabora. Mara mojamoja alitutolea tuzitazame, hasa msimu wa maembe, jioni, tumekaa uani matumbo yamejaa na mikono inanata. "Hizi baba yangu alikuja nazo kutoka pwani," alisema. Kisha alijigusa bega la kushoto, karibu na shingo, akapasugua kwa kidole gumba. "Hapa alikuwa na sugu. Nilipokuwa mdogo nililiminya kwa kucha, hasikii. Gumu kama kisigino."

Baba yake alikwenda pwani mara tatu. Kwetu Unyamwezini, katika karne ya kumi na tisa, safari hiyo ndiyo iliyomfanya kijana ahesabiwe mwanamume. Aliyebaki nyumbani alipata taabu hata kupata mchumba. Na kwa watu wetu pwani ilikuwa na jina moja, Bagamoyo. Nimekua nikilisikia jina hilo kabla sijajua bahari ni kitu gani.

Nilipoolewa bibi alinipa lile kopo. Nikahamia Dar es Salaam, na kwa zaidi ya miaka thelathini nimekuwa nikienda Bagamoyo, kilomita kama 70 tu kutoka mjini, kwa sababu za kawaida: harusi, semina, samaki wabichi. Nimepita mbele ya majengo yale makuukuu nikiwa ndani ya gari, nikizungumza kwenye simu. Mwaka jana, mwezi wa Julai, nilijiambia kwamba nitaupita Mji Mkongwe kwa miguu, pamoja na mtu anayeujua, kama mgeni mwingine yeyote. Shanga nilizitia kwenye mkoba. Nilitaka zirudi zilikotoka, angalau kwa saa mbili.

Matembezi yalianzia Caravan Serai. Ni ua mpana wenye kuta na vyumba vidogo vidogo pembeni, na katikati pana jengo la ghorofa. Tulikuwa wanne: mimi, baba mmoja kutoka Mwanza, na binti zake wawili wa sekondari waliokuja na daftari. Kiongozi wetu alikuwa kijana wa miaka kama 28, mwembamba, sauti yake ya upole inayokufanya usogee karibu. Aliniuliza natoka wapi. Nilipomwambia Tabora, alikunja uso kwa makusudi, akanyoosha mkono.

"Basi mama nidai kodi kabisa. Mimi Mzaramo. Watani zangu mmekuja kwetu mmepiga kambi mpaka leo."

"Tumekuja tumekuta hamna hata pa kulala," nikamjibu, "tukawajengea mji."

Tukacheka, na yule baba wa Mwanza, ambaye ni Msukuma, akadai naye ahesabiwe upande wangu. Lakini nataka msomaji auone utani huu kwa macho mengine kidogo. Kati ya Wanyamwezi na Wazaramo utani umeshikamana na misafara. Watu waliopita katika nchi za wenzao kila mwaka, wakiwa na njaa, wakiwa na maiti wa kuzika, walihitaji namna ya kudaiana na kusaidiana bila kupigana. Mtani alikuzika. Mtani alikupa chakula ukamtukana na hakukasirika. Kabla kijana yule hajafungua mdomo kueleza historia, historia ilikuwa imekwisha kutusalimia.

Kisha akaanza. Alieleza kwamba hapa ndipo misafara iliyotoka bara ilipopumzika. Akaeleza habari za watumwa, za minyororo ya shingoni, za njia ndefu kutoka Ujiji. Akaeleza jina la mji: "Bwaga moyo. Mtumwa akifika hapa, akiona bahari, anajua harudi tena kwao. Mwili unapanda jahazi, moyo anaubwaga hapa." Wale mabinti waliandika upesi upesi. Mdogo wao aliacha kuandika akatazama ukuta, na nikaona koo lake likipanda na kushuka.

Mimi nilikuwa nimesimama pembeni na mkoba wangu, nikihisi kitu kinanichoma. Si kwamba alisema uongo. Watumwa walipita Bagamoyo, na hakuna mtu mwenye haki ya kulipunguza jambo hilo. Lakini dakika ishirini zilikuwa zimepita ndani ya ua ule ambao maelfu kwa maelfu ya watu wetu walilala, wakapika, wakagombana, wakalipwa, na hakuna aliyewataja.

"Na wapagazi?" nikauliza.

Alinitazama. "Wapo, mama. Ila wageni wengi wanaulizia watumwa kwanza. Muda wenyewe saa moja na nusu, saa mbili. Ukianza na wapagazi wanaona unawachelewesha."

Jibu hilo nimelifikiria sana tangu siku ile. Kijana hakujificha. Alisema ukweli wa kazi yake: kinachosimuliwa katika matembezi mafupi huchaguliwa na anayetembezwa. Mgeni anakuja na picha kichwani, analipia kuiona picha hiyo, na kiongozi mwenye watoto wa kulisha anampa. Mwaka baada ya mwaka maswali yaleyale yanachimba mfereji uleule, mpaka maji yote yanapita humo. Na sisi wenyeji wa nchi hii, tusiokwenda kuuliza, ndio tuliouacha mfereji uchimbwe na wengine.

Basi niseme ninachokijua, kwa sababu siku ile nilikisema kwa haraka na kwa hasira kidogo.

Soko kubwa la watumwa waliovushwa kwenda Unguja lilipata watu wake hasa kupitia Kilwa, kutoka pande za Ziwa Nyasa. Bagamoyo iliishi kwa pembe za ndovu. Pembe zilitoka Unyanyembe, yaani pande za Tabora, na Ujiji, na Manyema ng'ambo ya Ziwa Tanganyika, na kutoka pwani kulikwenda nguo za merikani, zilizoitwa hivyo kwa sababu asili yake ni Marekani, pamoja na shanga, bunduki na masango ya shaba. Katikati ya Bagamoyo na Tabora hapakuwa na mnyama wa kubeba wa kutegemewa. Mbung'o waliua ng'ombe, punda na farasi. Karibu kila kipande cha nguo, karibu kila pembe, ilipita begani kwa mtu. Makumi ya maelfu ya wapagazi walishuka pwani kila mwaka wakati biashara iliposhamiri, wengi wao Wanyamwezi na Wasukuma, na wengi wao walikuwa watu huru waliopatana ujira. Walikuwa na desturi zao za kazi. Waligoma mzigo ukizidi. Walitoroka wakidhulumiwa posho. Walijenga vibanda vyao nje ya mji na kukaa miezi wakisubiri msafara wa kurudi, na wenyeji waliwauzia muhogo na samaki. Mwanahistoria Stephen Rockel ametumia miaka mingi kuonyesha kwamba hawa walikuwa wafanyakazi wa kweli wa mshahara, wenye ufundi na heshima ya kazi, muda mrefu kabla ya reli na viwanda.

Mbele ya msafara alitangulia kirangozi, amejipamba manyoya kichwani, bendera nyekundu mkononi. Hakuna aliyeruhusiwa kumpita. Nyuma yake walifuata wabeba pembe, waliojiona wakubwa kuliko wengine wote, na baadhi yao walifunga kengele ya ng'ombe kwenye ncha ya pembe ili wasikike wanakuja. Nyuma zaidi walikuja wa nguo na shanga, kisha wa vyombo, na wake waliofuatana na waume zao wakiwa na masufuria na watoto. Kutoka Unyanyembe hadi pwani ni zaidi ya kilomita 800. Msafara ulichukua miezi miwili, mitatu, ukikwama kwenye mafuriko na kwenye hongo walizodaiwa na watemi wa njiani.

Na jina lenyewe la mji wapagazi walilisema kwa maana nyingine. Tunasema kubwaga mzigo. Mtu aliyetembea miezi mitatu na uzito begani, akifika mchangani akaliona jahazi na kusikia ngoma, anaubwaga mzigo na anaubwaga moyo pia, yaani anautua, unapumzika. Bibi alilitamka hivyo, na alipolitamka aliachia mabega yote mawili yashuke. Neno ni moja. Aliyefika na mnyororo na aliyefika na pembe walilisema kwa pumzi mbili tofauti, na mimi sioni kwa nini mji ulazimishwe kuchagua.

Yule baba wa Mwanza aliuliza swali zuri kuliko yote ya siku ile. "Mzigo wenyewe ulikuwa na uzito gani?"

"Frasila mbili," nikasema. Frasila moja ni ratili 35, kama kilo 16. Mbili ni kilo 32.

Kijana wetu hakujibu kwa maneno. Tulikuwa tumetoka uani na kuingia barabarani, tunaelekea Mtaa wa India. Kulikuwa na duka la rejareja, na nje yake mifuko ya mchele ya kilo 25 imepangwa. Aliongea na mwenye duka, akachukua mfuko mmoja akamtwika yule baba begani. "Kilo saba bado, mzee. Twende mpaka kwenye mlango ule."

Mlango ulikuwa mbali kama hatua mia moja. Hatua ishirini za kwanza mzee alikwenda kwa tabasamu. Kufika hamsini alikuwa ameinamisha kichwa upande, kwa sababu mfuko unalala kwenye shingo na shingo inatafuta pa kukimbilia. Nilimwona akiubadilisha bega, na katika kuubadilisha akayumba, binti yake mkubwa akamshika kiuno. Kufika mlangoni shati lilikuwa limegandana mgongoni. Aliutua polepole, akasimama, akapapasa bega lake mahali palepale ambapo bibi yangu alikuwa akijigusa, karibu na shingo. Hakusema kitu. Binti mdogo, yule aliyekuwa akitazama ukuta, alifungua daftari lake na kuandika. Nilichungulia. Alikuwa ameandika namba tu: 32, na chini yake 800.

Baada ya hapo matembezi yalikuwa mengine kabisa. Kijana alianza kuongea kama mtu aliyefunguliwa. Alitusimamisha mbele ya shule aliyoitoa Sewa Haji Paroo, mfanyabiashara Mhindi wa Bagamoyo aliyefariki mwaka 1897. Kwa kawaida, alisema, hapa hueleza tu kwamba tajiri huyu aligawa mali yake kwa elimu na hospitali, na kwamba alitaka shule yake ipokee watoto wa kila rangi. Yote ni kweli, na wodi yenye jina lake ipo Muhimbili mpaka leo. Safari hii alieleza pia mali hiyo ilitoka wapi. Sewa Haji alikuwa wakala mkubwa wa misafara. Mzungu aliyetaka kwenda bara alikwenda kwake, na Sewa Haji alimpatia bidhaa na wapagazi. Nikaitazama ile shule, watoto wanakimbizana na mpira wa matambara, nikawaza kwamba huenda jiwe mojawapo pale limelipiwa na bega la baba yake bibi.

Mtaa wa India wenyewe ni mtaa wa milango. Mingine bado ina nakshi nene za maua na minyororo kwenye miimo, mingine imebaki fremu na nyuma yake hakuna nyumba, ni mpapai tu umeota sebuleni. Kuta za mawe ya matumbawe na chokaa zikikosa paa zinayeyuka na mvua. Nilisikitika kuona nyumba moja ambayo nakumbuka ilikuwa na baraza zima miaka ya tisini, sasa ni rundo. Wenyeji wanaofukia mashimo kwa saruji wanalaumiwa na wataalamu, kwa kuwa saruji haipumui kama chokaa. Lakini mwenye nyumba ananunua kinachouzwa dukani, na chokaa ya zamani haiuzwi dukani.

Kwenye Boma la Wajerumani, lililojengwa mwaka 1897, hatukukaa sana. Nilishukuru. Wajerumani walikuwa tayari wamehamishia makao yao makuu Dar es Salaam tangu 1891, na jengo lile kwangu ni kama mtu anayevaa suti baada ya kufukuzwa kazi. Kijana alitusimulia habari ya Emin Pasha, aliyekuwa gavana kusini mwa Sudan, aliyeletwa na msafiri Stanley kutoka bara mwezi wa Desemba 1889, akafanyiwa karamu na maofisa wa Kijerumani, na kwa uoni wake hafifu akatoka nje kupitia dirishani akidhani ni roshani, akaanguka mpaka chini barabarani. Alipona. Wale mabinti waliguna. Tukapita na mahali pa kunyongea, ufukweni, ambapo wapinzani wa utawala ule waliuawa. Hapo hakuna aliyesema lolote na kiongozi wetu hakutulazimisha. Kiongozi mzuri anajua pia pa kunyamaza.

Kwenda Misheni tulikubaliana twende kwa miguu, ingawa bajaji zilikuwepo. Njia ya kuingilia imepandwa miembe pande zote mbili, mikubwa, mizee, matawi yamekutana juu. Nilisimama chini yake nikashindwa kusogea. Tabora ni nchi ya miembe. Watu wetu husema ilitokana na kokwa zilizotupwa na misafara. Nilikuwa nimetembea nusu siku nikiutafuta ukoo wangu kwenye kuta, na harufu ya majani makavu ya mwembe ndiyo iliyonipokea.

Mapadri wa Roho Mtakatifu walifika hapa mwaka 1868. Mnara wa kanisa lao la zamani watu wanauita Mnara wa Livingstone, kwa sababu maiti ya David Livingstone, mmisionari na msafiri, ililazwa hapo Februari 1874 kabla ya kupelekwa Unguja na kisha Uingereza. Livingstone mwenyewe akiwa hai hakukaa chini ya mnara ule. Aliletwa. Na neno "aliletwa" lina watu ndani yake.

Hapo kijana alinigeukia. "Hapa mama eleza wewe. Wapagazi ni wako."

Nikaeleza. Livingstone alifariki kwa Chitambo, katika Zambia ya leo, tarehe 1 Mei 1873. Watu wake, wakiongozwa na Abdullah Susi na James Chuma, waliuzika moyo chini ya mti. Jacob Wainwright akasoma sala na kuchonga jina la marehemu kwenye gome. Mwili waliukausha juani, wakauzungushia nguo na gome la mti na turubai, wakaufunga kwenye mti wa kubebea, wakaanza safari. Hakuna aliyewaamuru. Bwana wao alikuwa amekufa na mkataba ulikuwa umekufa naye. Walifika Kwihara, maili chache kutoka alipozaliwa bibi yangu, na hapo wakamkuta ofisa wa Kiingereza, Verney Lovett Cameron, aliyewashauri wamzike palepale. Walikataa.

Kisha, njiani kuelekea pwani, ikaja Kasekera. Wenyeji wa njiani hawakutaka maiti ipite katika nchi yao. Chuma na Susi wakafanya jambo ambalo ni mpagazi tu angelifikiria. Walitangaza kwamba wamekubali kumrudisha marehemu Unyanyembe akazikwe. Wakachukua mabua, wakayafunga kwa nguo yakapata umbo la mtu, wakawatuma wenzao warudi nayo kwa heshima zote za mazishi. Huko porini, usiku, wale wenzao waliyatawanya mabua, bua moja huku jingine kule. Mwili wenyewe wakaufunga upya, ukawa mtumba wa nguo kama mitumba mingine, wakapita nao mchana kweupe begani, na hakuna aliyegeuka kuutazama. Nani anautazama mzigo wa mpagazi?

Miezi tisa kutoka Chitambo walifika hapa Bagamoyo. Walilipwa ujira wao wakaachiwa waende. Meli ikamchukua Livingstone, na tarehe 18 Aprili akazikwa Westminster Abbey. Wainwright alisafiri naye. Chuma na Susi walipelekwa Uingereza baadaye, mazishi yakiwa yamekwisha.

Nilipomaliza sauti yangu ilikuwa inatetemeka. Nikafungua mkoba nikatoa shanga. Niliwaambia habari za baba yake bibi, za sugu, za safari tatu. Mabinti walizipokea kwa zamu, wakazipitisha vidoleni moja moja. Zimefifia, nyingine zimepasuka, ila ukizishika juani bado zina wekundu wa ndani. Nilikuwa na fahari, sitaficha. Nilihisi nimewarudisha watu wangu mahali pao.

Kijana alizipokea mwisho. Alizipima kiganjani kwa muda, akaniuliza kwa adabu, kwa sauti yake ileile ya chini, "Samahani mama. Mtani anaruhusiwa kuuliza. Ujira mwingine, mbali na hizi, babu aliununulia nini?"

Nilifungua mdomo kumjibu: ng'ombe, majembe. Jibu likakwama.

Kwa sababu nilikuwa najua. Nyumbani kwa bibi, katika hadithi zote za safari, alikuwepo mwanamke mmoja aliyetajwa pembeni, kama mtu anavyotaja kisima au kinu. Mama wa Manyema. "Wakati huo tulikuwa tunaishi na Mama wa Manyema." "Kisu hicho kilikuwa cha Mama wa Manyema." Alikuwa mke wa pili wa baba yake bibi, na aliletwa baada ya safari ya tatu. Tulilelewa tukidhani Manyema ni jina la kijiji cha jirani. Nilipokuwa mtu mzima nikasoma kwamba wapagazi na wafanyabiashara wengi wa Kinyamwezi waliofanikiwa walitumia mapato ya pembe kununua watu, hasa wanawake, kutoka ng'ambo ya Tanganyika, wakawatia mashambani na kuwaoa. Nilisoma, nikafunga kitabu. Sikuliunganisha na kopo la maziwa.

"Alinunua mke," nikasema.

Yule binti mkubwa aliinua kichwa. Baba yake akatazama chini. Kijana hakutikisa kichwa wala hakunitazama kwa ushindi. Alinirudishia shanga kwa mikono miwili.

"Ndiyo maana tunaanza na minyororo, mama," alisema. "Wapagazi wana wajukuu wanaorudi kuuliza."

Nimeyarudia maneno hayo mara nyingi kuliko chochote nilichosikia siku ile. Nilikuja na dai la haki, na dai lile bado nalisimamia: ua wa Caravan Serai ulijazwa zaidi na watu huru waliofanya kazi ngumu ya kutisha, na nchi hii haijawapa hata kibao kinachowatosha. Reli ilipofika Tabora mwaka 1912 kazi yao ilikufa, na kumbukumbu yao ikafa karibu pamoja nayo. Lakini msafara ulikuwa mmoja. Kengele ya ng'ombe kwenye ncha ya pembe na mnyororo vililia njia moja, na bega la baba yake bibi, lile nililolilia pale chini ya mnara, lilimlipia mtu. Mimi, kama yule mgeni anayeulizia minyororo tu, nilikuwa nimekuja na swali lililochagua jibu lake.

Tuliagana kwenye lango la Misheni. Nilimlipa kijana na kumwongezea, akaniambia mtani halipwi ziada, kisha akaipokea. Aliniomba nimwandikie kwenye simu yake neno samesame, na habari ya mabua ya Kasekera, ili awe anaisimulia.

Usiku ule nilipiga simu Tabora kwa shangazi, ambaye katika watoto wa bibi amebaki peke yake, na masikio yake bado mazima. Nilimwamkia, tukazungumza mvua, tukazungumza bei ya mahindi. Kisha nikamuuliza kama anamkumbuka Mama wa Manyema. Akakaa kimya mpaka nikadhani mtandao umekata.

"Nilikuwa mtoto mdogo yeye akiwa kikongwe," alisema. "Alikuwa akitwanga anaimba. Hatukuielewa lugha yake. Mama alituambia tusimcheke."

"Jina lake shangazi?"

"Hilo ndilo jina tulilolijua."

"Kaburi?"

Alinielekeza: nyuma ya nyumba ya zamani, upande wa kunde, panapoinuka kidogo. Asubuhi kaka yangu alikwenda na kunitumia picha. Panaonekana kichuguu, na mche wa mwembe usiozidi kimo cha goti, umejiotea. Mbuzi wa jirani amefungwa hapo, kamba imeuzunguka mche mara mbili. Nilimpigia nikamwambia kwanza amfungue mbuzi.